Sumaku inashika, lakini umeme unapotea: juu ya pawabanki tunayotaka kuwapa walorea wetu



Ni siku ya tatu sasa kundi letu liko na furaha. Komite ilituma picha ya zawadi inayofikiriwa kwa walorea wetu 25 wa mwaka huu: pawabanki ya sumaku, nyeupe, nyembamba, inalala mugongoni mwa telefoni bila kable. Chini ya picha makofi hayakukatika. Mukubwa mumoja akaandika: "Hii njo zawadi ya mutu wa diplome." Mwingine akafuata: "Tutoke mu mambo ya makable." Nilisoma yote mpaka chini. Hakuna hata mumoja aliyeuliza swali ambalo mutu wa diplome angeuliza kwanza: kitu hiki kinafanya kazi namna gani, na kinamufanyia nani hiyo kazi?

Miye niko na moja. Nimeitembeza miezi minane hapa Lubumbashi, Kampemba, Katuba na katikati ya muji, siku za umeme na siku za delestaji. Kwa hiyo mbele ya kupiga kura, munipe dakika kumi. Nitaichambua vile tulifundishwa kuchambua kitabu mu oditwari: tunaanza na uzuri wake, kisha tunauliza kiliandikwa kwa ajili ya musomaji gani, halafu njo tunahukumu.

Haki yake tuitoe kwanza

Mutu ambaye hajaishika mukononi asiseme ni kitu cha bure. Unaisogeza karibu na mugongo wa telefoni, na mbele mukono wako haujafika, yenyewe inaruka, tak! inakaa fasi yake. Haiendi kushoto wala kulia. Wale waliotumia zile sahani za zamani za kuchajia bila kable wanakumbuka mateso: unaweka telefoni juu ya sahani usiku, asubuhi unaikuta na asilimia ile ile ya jana, juu ilisogea kidogo tu pembeni. Sumaku ilikuja kuponya ugonjwa huo. Apple iliweka duara la sumaku mu iPhone 12, Oktoba 2020. Mwaka uliofuata ikauza pawabanki yake ya kubandika. Mu 2023 wazo lile lile likaingia mu kanuni ya makampuni mengi inayoitwa Qi2. Na mu 2024 hata Infinix, ambayo wengi wetu tunaijua kwa sababu ya mufuko wetu, ilitoa telefoni za Note 40 zinazoweza kuchaji bila kable kwa kubandika namna hiyo. Kwa hiyo si mchezo wa batoto, ni ufundi wa kweli.

Iko na mazuri mengine mawili ambayo hayaandikwi juu ya kartoni. Mu taksibisi ya kwenda komini ya Kenya, mukono mumoja umeshika chuma cha juu, mwingine umeshika telefoni: kable inayoning'inia inavutwa na kila anayeshuka, lakini pawabanki hii inabaki kimya mugongoni. Na mu Julai na Agosti, wakati vumbi letu jekundu linajaza tundu la kuchajia mpaka kable haishiki tena, mwenye telefoni inayokubali kuchaji kwa mugongo anaendelea na maisha yake. Miye mwenyewe iliniokoa hivyo wiki mbili nzima, mpaka fundi akalisafisha tundu kwa sindano. Sitayasahau hayo hata nikifika kwa mabaya.

Sasa tuende kwa mabaya.

Iliwaziwa nani?

Kila kitu cha kiwanda kinabeba ndani yake mutu fulani aliyewaziwa. Kiti kirefu kinamuwaza mutu murefu. Pawabanki hii ya sumaku inamuwaza mutu wa namna gani? Muangalie umbo lake na mutamuona. Ni mutu anayetoka nyumbani asubuhi na asilimia 100. Kazini iko na prizi chini ya meza. Mu gari lake iko na nyingine. Saa kumi ya jioni telefoni imeshuka kwa 30, na anataka kasukumo kadogo tu kamufikishe nyumbani, fasi prizi inamungojea kando ya kitanda. Kwa mutu huyo umeme ni sawa hewa, haupimi. Kinachomuchosha ni kable. Kwa hiyo muhandisi alimupa kile anachotaka: umeme kidogo, na raha mingi. Muhandisi hakukosea hata kidogo.

Lakini mutu huyo hakai Katuba.

Kwetu mambo yako kinyume. Kable tuko nayo, kila kona ya mutaa inauza kable. Kinachokosekana ni umeme wenyewe. Unakuja saa sita ya usiku, unaenda saa kumi alfajiri, na mwenye nyumba anaamuka usingizini kuchomeka pawabanki, taa, betri ya redio, kila kitu kwa pamoja, kabla haujarudi kwao. Asiyeamuka atapeleka telefoni yake kwa kijana mwenye moteri na ubao wa prizi ishirini, alipe, angoje. Kwa hiyo umeme ulio ndani ya pawabanki yetu umelipiwa kwa usingizi ao kwa feza. Na kitu kinachotupa umeme inje ili kununua raha ya kutokuwa na kable, mu nyumba kama hiyo, ni sawa mama anayechota maji mbali na ndoo iliyotoboka, juu ndoo ile iko na rangi muzuri.

"Unasema inatupa umeme inje. Wapi?" Hilo njo swali. Tulijibu pole pole.

Bakambiste watano

Wote munawajua bakambiste wetu, wale wa kando ya barabara na meza ndogo na malundo ya franka. Ukimupa dola akupe franka, anakata kidogo. Ukirudi na franka zile zile utafute dola, anakata tena. Hakuibii, ni kazi yake. Lakini ukibadilisha mara tano asubuhi moja, jioni utashangaa feza ilienda wapi, na hakuna mwizi wa kukamata.

Sasa mufanye kama umeme ni feza, na tufuate safari yake toka pawabanki mpaka ndani ya telefoni.

Ndani ya pawabanki umeme unakaa mu seli za volti 3.7. Kambiste wa kwanza anaupandisha volti. Wa pili anauchukua ule umeme unaotembea njia moja, anaugeuza kuwa umeme unaotetemeka, kwenda na kurudi zaidi ya mara laki moja kwa sekunde, na kuuzungusha mu bobini ya shaba. Bobini ile inatengeneza uwanja wa sumaku unaobadilika, na uwanja huo unaamusha umeme mwingine mu bobini ya pili iliyo mugongoni mwa telefoni. Hapo njo kambiste wa tatu, pale katikati, fasi hakuna waya hata mumoja. Jambo hilo si la uchawi: Michael Faraday alilionyesha huko Uingereza mu 1831. Lakini si kila kinachotoka mu bobini ya kwanza kinafika mu ya pili, na shaba yenyewe inapata moto, pamoja na chuma kilicho karibu. Kambiste wa nne, ndani ya telefoni, anaurudisha umeme unaotetemeka kuwa wa njia moja. Wa tano anaushusha kwa kipimo ambacho betri ya telefoni inakubali. Kila mumoja amekata yake.

Na kable? Kable inakutana na wa kwanza na wa tano tu. Watatu wa katikati wanabaki na meza zao bila muteja.

Musikose hapa: sumaku yenyewe haileti umeme. Wengi wanafikiri ile nguvu inayoshika njo inayochaji. Hapana. Sumaku ni mulinzi wa mulango tu, anahakikisha bobini mbili zinatazamana uso kwa uso. Bila yeye hasara ingekuwa kubwa zaidi. Pamoja naye, hasara inapungua lakini haiishi.

Sasa hesabu. Pawabanki yangu imeandikwa 5000 mAh. Volti 3.7. Ukizidisha unapata wati-saa 18.5. Telefoni yangu ni iPhone 13 ya okazio, na ilipotoka kiwandani betri yake ilikuwa ya wati-saa 12.4. Kwa kalamu, 18.5 ingeijaza mara moja na nusu. Nilijaribu jioni tatu, data imezimwa, telefoni imelala juu ya meza. Kwa sumaku: toka asilimia 12, pawabanki nzima ilinifikisha kwa 80 na kidogo, ikazima. Kwa kable: pawabanki ile ile, telefoni ile ile, toka 12 mpaka 100, na pawabanki ikabaki na taa moja kati ya ine.

Kipimo cha mezani kwangu si cha laboratwari, na betri ya okazio imezeeka. Lakini hata tukihesabu kama ni mupya, asilimia karibu 70 za 12.4 hazifiki wati-saa 9. Nilikuwa nimeamuka usiku kuchomeka 18.5. Nusu na zaidi ilibaki kwa bakambiste.

Joto, na umri wa betri

Nusu ile haikupotea mu hewa bila alama. Iligeuka joto. Uguse pawabanki ya sumaku ikiwa kazini, utasikia. Sasa kumbuka imebandikwa wapi: juu ya mugongo wa telefoni, fasi betri ya telefoni inakaa. Betri mbili zinalala pamoja, kila moja inapatia mwenzake moto.

Na betri ya litiamu haina adui mubaya kuliko joto. Inazeeka mbele ya wakati, uwezo wake unashuka, na hakuna dawa ya kuurudisha. Telefoni zenyewe zinajua: iPhone ikipata moto sana inasimamisha kuchaji karibu na asilimia 80, inangoja ipoe. Mu Oktoba, mbele ya mvua, wakati jua la Lushi linapiga bati na ndani ya nyumba hewa haitembei, itangoja mpaka lini?

Mutu anayenunua telefoni mupya kila miaka miwili hatajali. Lorea wetu, ambaye telefoni yake ilishakuwa ya mutu mwingine mbele yake, anatumia betri iliyobaki na maisha mafupi. Tutamupa zawadi inayoyakata tena.

Mudogo wangu na saa yake ya Kolwezi

Muniruhusu nisimulie jambo moja, juu hapo njo niliacha kuona hii kama hesabu tu.

Iko mudogo wetu mumoja, sitamutaja. Alikuwa ameandika maombi ya kazi sawa ishirini. Mu Oktoba iliyopita akaitwa: waliomutafuta walikuwa Kolwezi, mazungumuzo yafanyike kwa video, saa tatu ya asubuhi. Usiku ule delestaji. Nikamuazima pawabanki yangu ya sumaku, miye mwenyewe, kwa moyo mweupe. Nikamwambia: "Bandika tu, ulale." Telefoni yake ilikuwa na asilimia 64.

Alibandika, akalala. Telefoni ikapanda mpaka fasi yake ya juu mbele ya saa saba ya usiku, kisha pawabanki ikaendelea kuishikilia pale, inaongeza kidogo, inapoa, inaongeza tena, bakambiste wanakata usiku muzima kwa kazi ambayo haikuhitajika. Alfajiri pawabanki ilikuwa tupu. Bado telefoni ilikuwa na 90 na kitu, akaona ni sawa. Lakini alikuwa na kazi nayo: kusoma tena barua zake, kutafuta habari za kampuni, kupiga kwa mama yake. Saa tatu ilipofika, video ikaanza kula betri ambayo ilishazeeka. Alikuwa amebakiza dakika chache za maneno ya mwisho, zile dakika wanazokuuliza "na wewe uko na swali gani kwetu?", telefoni ikazima mukononi mwake. Alipopata moto kwa jirani na kupiga tena, hawakuchukua.

Sisemi alikosa kazi juu ya pawabanki. Pengine asingechukuliwa. Lakini najua kwamba kwa kable, umeme ule ule ungemufikisha mwisho na angebakiza akiba. Na najua nani alimwambia "bandika tu". Kwetu telefoni si kitu cha kupamba. Ni biro, ni barua, ni benki, ni taa ya kusomea, na siku nyingine ni mulango pekee ulio wazi.

Maneno ya kartoni

Tuliofundishwa kusoma, tusome pia kartoni. Ni maandishi mafupi, lakini yako na ujanja kuliko hotuba za kampeni.

Neno la kwanza ni ile namba kubwa, 5000 ao 10000 mAh. Si uongo, lakini ni hesabu ya ndani ya seli, mbele bakambiste hawajaanza kazi. Namba inayosema ukweli zaidi ni wati-saa, inaandikwa nyuma na herufi ndogo, Wh. Mara nyingine karibu yake iko namba ya mAh ingine, ndogo kuliko ile ya mbele, imeandikwa kwa volti 5. Ile ndogo njo rafiki yako. Na ukikuta pawabanki nyembamba imeandikwa 50000, tumia mukono wako kama mizani. Seli moja ya duara ya 3000 mAh peke yake iko na uzito wa karibu gramu 45. Kwa hiyo 10000 ya kweli haiwezi kuwa nyepesi sawa kalamu. Uzito haujui kusema uongo.

Neno la pili ni wati 15. Huo ni mwendo wa juu, wa dakika za kwanza, telefoni ikiwa baridi na ikikubali. Joto likipanda, mwendo unashuka. Ni sawa dereva anayekuambia gari lake linakimbia 180, na barabara munaijua wote.

Neno la tatu njo linaniumiza: "kwa telefoni zote". Hapana. Ili telefoni ichaji kwa mugongo inapashwa kuwa na bobini ndani yake. Kama haina, haina. Mu kartoni wanaweka duara la chuma la kubandika na gundi, na muuzaji anakuonyesha: "Ona, inashika!" Kweli inashika. Hata mulango wa friji unashika sumaku, na hakuna aliyeuona ukichaji. Duara linaleta kushika, halileti bobini.

Mu mukutano wetu uliopita tulikuwa na telefoni 11 juu ya meza. Niliomba kila mwenye yake tuangalie. Zenye bobini zilikuwa mbili. Na sisi tuko na kazi, bandugu. Walorea wanaomaliza masomo juzi, wenye Itel na Tecno za bei ya chini na Samsung za mufululizo wa A, watakuwa na ngapi? Kwa wengine wote zawadi yetu itakuwa jiwe jeupe lenye tundu la kable. Kwa maana ndiyo, pawabanki nyingi za namna hii ziko pia na tundu la kable. Tutalipa sumaku, kisha lorea atatafuta kable.

"Lakini ni kobalti yetu inarudi"

Hoja hii ilinigusa, siwezi kuipita. Mukubwa aliyeiandika ni mutu wa madini, anajua anachosema. Inchi yetu inatoa karibu asilimia 70 za kobalti yote inayochimbwa duniani, na mingi inatoka Kolwezi na pembeni yake, kilometa karibu 300 toka hapa. Bobini ni ya shaba, na shaba njo jina ambalo jimbo letu nzima liliitwa toka 1971 mpaka 1997. Malori yanapeleka madini kwa Kasumbalesa, na kwa mupaka ule ule makartoni ya pawabanki yanaingia. Mukubwa anasema: tuwape batoto wetu kitu kilichotoka mu udongo wao, waone fahari.

Nakubali fahari. Lakini tuiweke fasi yake. Kununua kwa bei ya juu kitu kilichotoka kwetu kwa bei ya chini si fahari bado, ni biashara ya kawaida ya muuzaji mukubwa na mununuzi mudogo. Kama tunaheshimu kobalti, tunajua ni mikono gani iliichimba, basi heshima ya kwanza ni kutoiharibu. Betri inayokufa mbele ya wakati juu tuliipikia joto bila lazima ni kobalti iliyopanda lori, ikavuka bahari, ikarudi, ikatupwa mu vichafu vya mutaa huko huko ilikotoka. Mutu wa Katanga njo angepashwa kuwa wa mwisho duniani kuchekelea hasara hiyo.

Na fahari ya gradwe? Ni kuweza kukifungua kitu, kueleza kila kambiste aliye ndani, na siku moja kumupunguza mumoja. Kwa hilo sina shaka na walorea wetu. Kwa hilo hawahitaji kartoni nyeupe.

Zawadi na heshima

Mukubwa mwingine aliniandikia pembeni, kwa upole: "Mudogo, zawadi haina hesabu. Zawadi ni heshima." Mukubwa wangu, nakuheshimu, na nakujibu mbele ya wote juu neno lako ni zito. Ni kweli zawadi ni heshima. Lakini kumuheshimu mutu ni kumufikiria yeye mwenyewe: nyumba yake, telefoni yake, usiku wake. Tukimupa kitu kilichomufikiria mutu mwingine, wa inchi nyingine mwenye prizi kila ukuta, tumeiheshimu picha yetu ya siku ya kutoa zawadi, yeye tumemusahau. Atashukuru, atapiga picha, na wiki ijayo ataiweka mu droo.

Hapa njo napendekeza. Bei tuliyopewa kwa pawabanki ya sumaku ni dola 30. Mara 25 ni 750. Kwa dola 15 tunapata ya kable, 10000 mAh, nzito, haina sura, iko na taa zake ine na kable yake fupi imeshikamana nayo, ya namna ile haipotei. Inachaji telefoni yote iliyo na tundu. Kwa 25 tunalipa 375. Dola 375 zinabaki mu kotizasio, na wote tunajua kati ya walorea 25 kuko ambao hawajalipa bado feza za kutoa diplome yao. Watapigiwa makofi kwa karatasi ambayo hawajaishika. Tuanze na hao. Mutu akipewa kitu cha kuwasha telefoni na diplome ya kutuma kwa telefoni hiyo, sasa tumemupa njia.

Kama kura itapita kwa ile ya sumaku, sitakasirika, nitalipa kotizasio yangu. Lakini mbele ya kulipa muuzaji, komite ifanye mambo matatu. Isome Wh nyuma ya kartoni, si mAh mbele. Ipime uzito mukononi. Na ichukue telefoni ya lorea mumoja, yoyote, iibandike pale butiki, iangalie kama alama ya kuchaji inatokea. Kushika peke yake kusiwadanganye.

Na yule ambaye tayari anayo, sawa miye: usiitupe. Tundu la telefoni likijaa vumbi, bandika. Mu taksibisi, bandika. Telefoni ikifika 80, bandua, usilale nayo. Na usiku wa delestaji, wakati kuna jambo la maana kesho asubuhi, tafuta kable.

Anayepinga apinge, lakini alete hesabu zake pia. Miye za kwangu ziko hapo juu, na pawabanki iko mezani kwangu. Atakayekuja kuipima nitamupokea na chai, kama umeme utakuwa.